Kwa nini "Arzt" inatoka "arziti" mdomoni mwangu?

"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 29, naishi Moshi, nasoma Kijerumani mwezi wa nane sasa ili niende kwenye mafunzo ya uuguzi Ujerumani. Sarufi naiweza na kuandika naandika, ila nikifungua mdomo mwalimu wangu ananikatisha kila mara kwa sababu naongeza irabu. Arzt (daktari) inakuwa 'arziti', Herbst (majira ya majani kupukutika) inakuwa 'herbisiti', Strumpf inakuwa 'shtrumpfu'. Nikijikaza nisiongeze, napoteza konsonanti, nasema 'hebs' basi. Mwenzangu darasani anasema ulimi wa Mbantu umeumbwa kwa ma-me-mi-mo-mu, na ukishavuka miaka ishirini haubadiliki tena. Shangazi yangu kanishauri nikakatwe kijinyama cha chini ya ulimi. Mtihani wa kuzungumza uko baada ya wiki kumi. Je, niuahirishe?"

Marahaba, mwanangu. Nianze na la shangazi, maana hilo ndilo lenye wembe. Usikatwe chochote. Sema "rarua", sema "lala", sema "tatu", kisha toa ulimi ulambe mdomo wa juu. Mtu aliyezungumza Kiswahili miaka 29 bila watu kumuuliza "umesemaje?" anayaweza hayo yote, na kama unayaweza, ulimi wako ni mzima. Tena angalia hiyo u unayoiongeza kwenye Strumpf. Inakuja baada ya pf, sauti inayotengenezwa na midomo na meno, na ulimi wakati huo umelala tu. Utakatwaje kwa kosa la jirani?

La mwenzako lina nusu ya ukweli, na nusu ya ukweli ndiyo inayosumbua watu. Ni kweli kwamba Kiswahili kinapenda silabi huru, yaani zinazoishia na irabu. Neno la kigeni likibisha hodi na konsonanti mwishoni, tunalivalisha irabu kabla halijaingia ndani: basi, benki, timu, filamu. Waarabu walituletea waqt tukaifanya wakati, wakatuletea ilm tukaifanya elimu. Hata irabu yenyewe hatuichagui ovyo. Sauti ya mwisho ikiwa ya midomo, kwa kawaida tunaweka u, kama timu na kitabu. Ikiwa ya ncha ya ulimi tunaweka i, kama tiketi na basi. Sasa rudi kwenye makosa yako: "shtrumpfu" kwa u, "arziti" kwa i. Hujakosea ovyo. Umefuata sheria ileile waliyoifuata waliotangulia kusema "kitabu", na sheria hiyo inakaa kichwani, haikai ulimini. Mtoto wa Kitanzania aliyezaliwa Berlin anasema Herbst bila kufikiri. Mtu mzima atafikiri kwanza, atachelewa kidogo, na huenda lafudhi yake isifutike yote. Lakini konsonanti za mwisho wa neno ni katika mambo yanayofundishika ukubwani. Nimefundisha watu wenye wajukuu.

Na hiyo ma-me-mi si Kiswahili chote. Tamka "mtu". Ile m ni silabi kamili isiyo na irabu hata moja. Tamka "nchi". Tamka "labda", "daftari", "maktaba", "askari": lab-da, daf-ta-ri, mak-ta-ba, as-ka-ri. Silabi funge unazo mdomoni tangu utotoni, ila zipo katikati ya neno, hazikai mwisho. Mwanzoni nako huna shida kubwa. Wazanzibari husema "skuli", sote tunasema "stesheni" na "sketi". Konsonanti mbili za mwanzo tumezimeza bila kulalamika, lakini "skuli" bado imeongezewa i yake nyuma. Umeandika mwenyewe "shtrumpfu", na sht-r ya mwanzo umeipatia. Kwa hiyo ugonjwa una eneo lake, nao ni mwisho wa neno. Tutibu hapo.

Kabla ya tiba, tupunguze mzigo, kwa sababu nusu ya konsonanti zinazokutisha zipo kwenye karatasi tu. Unajua "hela" ilikotoka? Katika koloni la Wajerumani la Afrika Mashariki, kuanzia 1904 rupia iligawanywa kwa Heller 100. Babu zetu waliisikia sarafu hiyo ikitajwa wakaiita hela. Hawakusema "heleri", na hawakukosea kusikia, kwa sababu Mjerumani akitamka Heller, ile -er ya mwisho haina r ya kusikika. Inatoka kama a fupi, hafifu. Vivyo hivyo Wasser (maji) inatoka kama "vasa", Fieber (homa) kama "fiba", na Schwester, ambayo wagonjwa watakuita nayo sana, kama "shvesta". R ya Kijerumani ikija baada ya irabu, hasa irabu ndefu, kwa wasemaji wengi huyeyuka kuwa kivuli cha a. Basi Arzt usiihesabu kwa herufi. R imeyeyuka, z inasomwa "ts", na kinachobaki ni "aatst". Herbst kwa wengi ni "heapst". Wewe ulikuwa unahangaika na r ya Kiswahili yenye madende, halafu b, halafu s, halafu t, kila moja ukiipa irabu yake. Achana na r hapo. Umeshashinda robo ya vita.

Kilichobaki kina mpangilio, na mkazi wa Moshi sina haja ya kumchorea mlima. Kila sauti ina mvumo wake. Irabu zinavuma kuliko zote, zinafuatiwa na r, kisha l, kisha m na n, kisha vikwamizi kama f na s, na chini kabisa vipasuo p, t, k, ambavyo havivumi, vinapasuka tu. Silabi ya Kijerumani inaanzia chini, inapanda hadi kileleni penye irabu, inateremka upande wa pili. Chukua krank (mgonjwa): k chini, r juu kidogo, a kileleni, n inashuka, k chini tena. Hakuna neno la Kijerumani linaloanza na rk- wala lt-, kwa sababu huko ni kuteremka kabla ya kupanda. Kwa hiyo huna mamia ya mafungu ya kukariri, una njia moja ya kupanda na moja ya kushuka.

Isipokuwa kuna watovu wa nidhamu wawili, s (pamoja na ndugu yake sh) na t. Katika Herbst tulishateremka hadi p, mara s inapanda tena, na t inafuata nyuma. Wanaisimu wengi huzitazama sauti hizi kama zimening'inizwa nje ya silabi yenyewe, mfano wa kibaraza mbele ya nyumba. Mimi naupenda mfano huo kwa sababu unafundisha namna ya kufanya mazoezi: jenga nyumba kwanza, kibaraza baadaye. Sauti zote za kibarazani hutengenezwa na ncha ya ulimi, mahali palepale nyuma ya meno ya juu au jirani yake, hivyo ulimi ukishafika hapo hauna safari nyingine.

Hapa nataka nikae kidogo, maana watu wengi hudhani Wajerumani wamezaliwa na midomo ya chuma. Katika Kijerumani cha kale, kilichoandikwa takriban kati ya 750 na 1050, majira ya majani kupukutika yaliitwa herbist. Hofu, ambayo leo ni Angst, ilikuwa angust. Shati, leo Hemd, lilikuwa hemidi, neno ambalo ungelitamka bila kuelekezwa. Na daktari wako mwenyewe, Arzt, alikuwa arzat. Irabu zilikuwapo! Zilikwenda wapi? Ziliuawa na mkazo. Lugha za Kijerumanik, yaani Kijerumani, Kiholanzi, Kiingereza, Kiswidi na jamaa zao, ziliuhamishia mkazo kwenye silabi ya kwanza ya shina na kuupigilia hapo. Silabi zilizobaki nyuma zikanyong'onyea karne kwa karne, irabu zake zikawa e hafifu, kisha nyingi zikadondoka, na konsonanti zikabaki yatima zimebanana. Kiswahili kimeuweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hiyo mkia wa neno letu unalindwa. Kila ndugu aliugawana urithi huo kivyake: neno lilelile la herbist ni harvest kwa Mwingereza, ambaye alibakiza irabu na kuliacha kwenye mavuno, ni herfst kwa Mholanzi, na ni höst kwa Mswidi, aliyetupa nusu ya mizigo njiani.

Kwa hiyo ukisema "herbisiti", umekaribia kumsalimia Mjerumani wa miaka elfu moja iliyopita. Atakuelewa yule, wa leo ndiye atakayekunja uso.

Na kuchopeka sauti mwishoni si tabia yetu peke yetu. Saft (maji ya matunda) zamani ilikuwa saf. Obst (matunda) ilikuwa obaz. Axt (shoka) ilikuwa ackus. T zote hizo za mwisho zimeongezwa baadaye bila sababu yoyote ya maana. Sisi neno likiisha tunalifungia kwa irabu. Wao walilipigilia msumari. Mholanzi naye hawezi melk (maziwa) hivihivi, anasema "mellek", na film anaitamka "fillem". Sisi tumesema filamu. Sioni tofauti kubwa hapo, ila ya kwake inaitwa lafudhi na ya kwetu inaitwa kosa.

Hata hivyo sitakudanganya kwamba irabu hiyo haina madhara. Kwenye Kijerumani irabu ya mwisho hufanya kazi: inaonyesha wingi, jinsia, nafasi ya neno. Bein ni mguu, Beine ni miguu. Mgonjwa akilalamikia mguu mmoja na wewe ukaripoti "Beini", mwenzako wa zamu ataandika miwili. Freund ni rafiki, Freunde marafiki. Mbaya kuliko yote kwa muuguzi ni hii: Tablett ni sinia, Tablette ni kidonge. Ukisema "tableti" ukitaka sinia, utaletewa dawa. Mimi mwenyewe nilipokuwa Leipzig niliomba "obisiti" sokoni, na mama muuzaji akaniuliza bitte? (yaani, umesemaje?) mara tatu, mpaka nikaonyesha matofaa kwa kidole.

Sasa tiba. Mjerumani ana tabia moja ambayo vitabu huitaja kama mtego, lakini kwako ni msaada. Mwishoni mwa silabi, konsonanti ghuna, yaani zinazotetemesha koo kama b, d na g, huzimwa. Hund (mbwa) inaandikwa kwa d lakini inatamkwa "hunt". Tag (siku) ni "taak". Herbst ina b kwenye karatasi na p mdomoni. Rad (gurudumu) na Rat (ushauri) hutamkwa sawasawa katika Kijerumani sanifu. Maana yake ni kwamba nyuzi za sauti hulala kabla neno halijaisha. Na irabu bila nyuzi za sauti haizaliwi. Weka vidole viwili kooni useme "tatu": koo linatetema hadi mwisho. Sasa sema Tag ukihakikisha koo linanyamaza mara tu ulimi unapogusa k, na kinachotoka baada ya hapo kiwe pumzi peke yake. Weka kiganja mbele ya mdomo uisikie. Kama wewe au majirani zako ni watu wa Pwani mnaotofautisha paa la nyumba na p'aa wa porini, hiyo pumzi mnaijua tayari. Ukisikia pumzi kiganjani na koo limetulia, i na u hazina pa kupita.

Anza na maneno yako mwenyewe. Sema "daftari" taratibu, kisha katisha katikati: "daf". Usiseme "dafu", huko ni kwenye nazi. Sema "maktaba", katisha: "mak". Sema "labda", katisha: "lab", na hapo Mjerumani angesema "lap". Ukiweza hivyo siku mbili tatu, panda Herbst kutokea ndani kwenda nje: "ea", "eap", halafu simama, midomo imefungwa. Hiyo ndiyo nyumba. Ongeza s: "eaps". Ongeza t: "eapst". Mwisho kabisa weka h mbele. Usijenge kuanzia mwanzo wa neno, kwa sababu ukifika mwisho umechoka na irabu inakuja kukupokea. Kama bado i inaponyoka, usigombane nayo, inong'oneze. Sema "heapsti" na i ya mnong'ono, mara kumi, kila mara ikififia zaidi, mpaka ibaki pumzi.

Pf ina mlango wake. Tamka "mfupa" polepole ukiitazama midomo kwenye kioo. Unatoka midomo iliyofungwa ya m unaingia kwenye meno ya juu juu ya mdomo wa chini. Katikati ya safari hiyo, ukikaza midomo kidogo kabla ya kuachia, kuna p ndogo inayopasuka: m-p-f. Hiyo ndiyo mpf ya Strumpf (soksi), na ya Impfung (chanjo), neno utakaloishi nalo. Ukishindwa kabisa na pf ya mwanzo wa neno, jua kwamba Wajerumani wengi wa kaskazini husema "fund" kwa Pfund na "ferd" kwa Pferd katika mazungumzo ya kawaida. Kwenye mtihani jaribu pf. Wodini hakuna atakayekushangaa. Na cheo chenyewe unachokifuata, Pflegefachfrau, ni silabi nne tu, Pfle-ge-fach-frau, hata kama kwa macho kinaonekana msitu. Kopfschmerzen (kuumwa kichwa) ina herufi sita za konsonanti mfululizo katikati, lakini ikate Kopf, pumua kidogo, schmer, zen. Mafungu ya kutisha karibu yote huvunjika ukiona pale maneno mawili yalipounganishwa.

Kuna mahali ambapo Mswahili humshinda mwanafunzi wa Kifaransa au Kihispania, nako ni haben, guten, bitten. Kwenye mazungumzo ya kila siku e ya mwisho humezwa, na n inabaki silabi yenyewe: "gutn". Haben inakuwa "habm". Wengine huhangaika. Wewe una m ya "mtu" na n ya "nne". Zihamishie mwisho wa neno, umemaliza.

Jambo moja dogo hukuliuliza lakini nalisikia kwa kila Mswahili: tunarefusha irabu yenye mkazo. Kijerumani hutofautisha. Fühlen (kujisikia) ni ndefu, füllen (kujaza) ni fupi, na konsonanti mbili zilizoandikwa kwenye füllen hazitamkwi mara mbili, kazi yake ni kukuambia irabu ni fupi. Swali la "unajisikiaje?" utaliuliza mara arobaini kwa siku, kwa hiyo lifanyie kazi.

Je, ulipie mwalimu wa matamshi? Kwa wiki sita za kwanza, hapana. Simu yako inatosha: rekodi sentensi tano kila jioni, sikiliza asubuhi, siyo papo hapo, kwa sababu masikio yanahitaji usiku mmoja ili yasikupendelee. Kusikiliza redio ya Kijerumani ukirudia nyuma ya mtangazaji kunasaidia wimbo wa lugha zaidi kuliko konsonanti za mwisho, kwa kuwa spidi hiyo inakuficha makosa. Marudio ya darasa zima kwa pamoja sina imani nayo sana. Kwaya huficha sauti ya mmoja. Wiki sita zikipita na rekodi ya leo inafanana na ya siku ya kwanza, tafuta mtu wa ana kwa ana, akae mbele yako atazame midomo. Saa mbili tatu za hivyo ni bora kuliko mwezi wa video.

Daktari ni habari nyingine. Nenda kwa daktari wa masikio, pua na koo kama unaona s na f zinakupotea hata watu wanapozungumza Kiswahili, kama unaongeza sauti ya televisheni kuliko wenzako, au kama sikio linavuma. Nenda kwa mtaalamu wa tiba ya usemi kama una kigugumizi, au kama hata kwenye Kiswahili kuna sauti watu hawazipati kwako. Kwa barua uliyoniandikia, sioni dalili hizo.

Mtihani usiahirishe. Wiki kumi zinatosha kuzima irabu za mwisho kwenye maneno mia moja unayoyatumia sana, na mtahini anasikiliza kama unaeleweka, hasikilizi kama umezaliwa Hannover. Kila siku kabla ya kulala sema sentensi hii ukigonga meza kwa kidole kwa kila silabi: Der Arzt kommt erst im Herbst. Daktari anakuja majira hayo ya majani kupukutika, siyo mapema. Mapigo ni sita. Ukijikuta umegonga tisa au kumi, simama, rudia neno lililokuongezea, kwa kuanzia kwenye irabu yake kwenda nje, kisha gonga tena.